Watu wa Tarehe 1 Julai

Mlowo kuna watu wengi ambao siku yao ya kuzaliwa niliichagua mimi. Nilikuwa na miaka 18, nimemaliza mtihani wa kidato cha nne Novemba 2019 na nasubiri matokeo. Mwalimu mmoja mstaafu, mwenye steshenari karibu na barabara kuu ya kwenda Tunduma, alikuwa anatafuta kijana mwenye mwandiko unaosomeka. Kazi yenyewe ilikuwa kujaza fomu za kitambulisho cha taifa. Fomu moja shilingi 500, kopi shilingi 100. Kalamu nyeusi, herufi kubwa, usifutefute.

Kwa aliyekuwa mdogo wakati ule, niseme kwanza kwa nini watu walikuwa wengi vile. Sheria ya kusajili na kutambua watu ilitungwa mwaka 1986, NIDA ikaanzishwa 2008, na vitambulisho vya kwanza vikatolewa 2013. Miaka yote hiyo Mlowo iliishi bila haraka. Kisha, tarehe 1 Mei 2019, ukaanza usajili wa laini za simu kwa alama za vidole, na ili usajili laini ilikubidi uwe na namba ya NIDA. Mwisho ulikuwa tarehe 31 Desemba, baadaye ukasogezwa hadi 20 Januari 2020. Hapo ndipo mji mzima ulipokumbuka kwamba haujajiandikisha. Mtu anaweza kuishi miaka 60 bila kitambulisho, lakini hawezi kuishi wiki moja bila kujua kama mwanawe ametuma hela.

Walikuja na karatasi zao ndani ya mifuko ya rambo. Mifuko ile ilikuwa imepigwa marufuku tangu 1 Juni mwaka huohuo, lakini nadhani nyaraka za nchi hii zimehifadhiwa na rambo kuliko kabati lolote la serikali. Walitoa kadi za kliniki zilizofifia, vyeti vya darasa la saba, kadi za mpiga kura, stakabadhi za kodi ambayo haipo tena. Mzee mmoja alileta kadi ya TANU, imefungwa kwenye kitambaa. TANU iliungana na ASP mwaka 1977 kuwa CCM, kwa hiyo mwenye kadi hiyo alikuwa na ushahidi mzuri kwamba hakuingia nchini juzi. Mwalimu aliishika kwa mikono miwili, akaitoa kopi bure.

Mama mmoja wa mboga sokoni alileta kitambulisho cha mjasiriamali, kile cha shilingi 20,000 kilichoanza kugawiwa Desemba 2018. Akauliza kama hakitoshi. Nikakigeuza huku na huku. Hakikuwa na picha wala jina lake.

"Kwa hiyo hiki kinamtambulisha nani?" akauliza.

Mwalimu akamjibu, "Kinaitambulisha hela uliyotoa, mama."

Sehemu ngumu ya fomu ilikuwa tarehe ya kuzaliwa. Vijana walikuwa na cheti au walau walikariri. Lakini kwa waliozaliwa kabla ya miaka ya themanini, kalamu ilisimama. Hawakuwa hawajui walizaliwa lini. Walijua vizuri sana, ila hawakujua kwa namba. Mmoja alizaliwa mwaka wa uhuru, mahindi yakiwa yamefika magotini. Mwingine alikuwa anatambaa walipohamishwa kupelekwa kijijini. Mwingine alizaliwa vita vya Amin, baba yake akiwa hajarudi. Na wengi sana walihesabu kwa Wachina. Reli ya TAZARA inapita Mlowo, ina stesheni hapo, na ilijengwa kati ya 1970 na 1975. Kwa watu wa kwetu, Wachina ni kalenda. "Wachina walikuja nikiwa nimeshaota meno." "Walipoondoka, nilikuwa nachunga." Nilijifunza kupiga hesabu hizo haraka kuliko hesabu yoyote niliyofundishwa darasani: kuota meno miezi sita au saba, kuchunga ng'ombe miaka saba au minane, kubeba mdogo wako mgongoni labda miaka sita.

Mwaka ulipatikana hivyo. Siku ndiyo haikupatikana. Mwalimu alikuwa na kanuni yake kwa hilo.

"Asiyejua siku, mwandikie tarehe 1 Julai. Ni katikati ya mwaka. Hata ukikosea, hukosei zaidi ya miezi sita."

Basi nikaandika 1 Julai. Niliandika 1 Julai 1950, 1 Julai 1955, 1 Julai 1961. Siku nyingine jioni nilihesabu na kukuta nimezalisha watu kumi na wawili siku moja, wengine wakiwa na umri wa kunizaa mara tatu. Kuna akina mama wawili waliokuja pamoja, mkubwa na mdogo wake wa tumbo moja, wakatoka wote na tarehe hiyo, miaka miwili tofauti. Walicheka hadi nje.

Lakini namba hiyo haikuwa ya kuchekea tu, na Mwalimu alinikataza kuiandika kwa uvivu. Namba ya NIDA ina tarakimu 20, na nane za mwanzo ni tarehe ya kuzaliwa. Ukishaipata, mwaka wako umechongwa ndani ya jina lako la serikali; kuubadilisha ni safari nyingine. Na Sera ya Taifa ya Wazee ya 2003 inamhesabu mzee kuanzia miaka 60. Bibi mwenye mgongo umepinda, ukimwandika 1962 badala ya 1956, umemnyang'anya uzee wake miaka sita, na dirishani hospitali ataambiwa bado. Kwa hiyo tuliuliza. Tuliuliza nani alimfuata nani, nani alikuwa ameolewa, mvua ilikuwa nyingi au chache. Foleni ikasubiri.

Bibi yangu, mzaa baba, nilimjazia mwenyewe. Ilikuwa Jumapili, baada ya ibada, nyumbani, kwenye kigoda chini ya mparachichi.

"Shikamoo Bibi. Leo nimekuja kikazi."

"Marahaba mume wangu. Kazi gani hiyo ya kumfuata mke wako na makaratasi?"

Jina la kwanza lilikuwa rahisi, jina la ubatizo. Cheti cha ubatizo alikuwa nacho, cha Moravian, kimeandikwa Mbozi, 1957. Alikumbuka kwamba siku ya kubatizwa alikwenda kwa miguu yake na kumshika mkono mdogo wake, basi tukakubaliana alikuwa na miaka tisa hivi. Tarehe 1 Julai 1948. Jina la ukoo ndilo lililotusimamisha. Yeye ni Namwinga. Baba yake alikuwa Simwinga.

Kwa msomaji asiye wa kwetu: Wanyamwanga, watu wa upande wa Tunduma na Momba, wana majina ya ukoo yenye vichwa viwili. Mwanamume ni Si-, mwanamke ni Na-. Simwinga na Namwinga ni ukoo mmoja, damu moja. Kaka na dada waliozaliwa tumbo moja wataandikwa tofauti, na kila mtu Tunduma ataelewa bila kuuliza. Ila fomu haikuzaliwa Tunduma. Fomu inataka jina la mwisho la mtoto lifanane na la baba, na macho ya mtu aliyetoka mbali yanaona majina mawili na kudhani ni watu wawili wasiohusiana. Vyeti vya wajukuu wa koo hizo siku hizi vina wasichana wanaoitwa Simwinga, kwa sababu mtu fulani dirishani alisahihisha.

"Niandike Simwinga?" nikamuuliza.

"Mimi nimekuwa mwanaume lini?"

Nikaandika Namwinga.

Halafu nikafika mahali pa kuzaliwa mama yake. Bibi akaangalia upande wa magharibi, kule barabara inakoelekea, akasema, "Ng'ambo."

Ng'ambo kwetu si Ulaya. Ni Nakonde. Unatembea Tunduma mpaka pale malori yanapopanga foleni, unavuka, unanunua unga au khanga, unarudi. Tangu Oktoba 2019 kuna kituo kimoja cha pamoja cha forodha na uhamiaji, lakini watu wa pande mbili walikuwa wakioana na kuzikana zamani sana kabla ya lango lolote. Mama yake Bibi alizaliwa huko, akaolewa huku, akafiwa na mume, akarudi kwa kaka zake kufia huko. Kwa Bibi hiyo haikuwa habari. Ni kama mimi nikuambie mama yangu alizaliwa mtaa wa pili.

Mwalimu alipoisoma fomu ile alivua miwani. "Hapa patakuwa na maswali," akasema.

Katika mikoa ya mpakani hilo ni jambo la kawaida, na sababu yake inaeleweka. Kabla hujapewa namba, uraia wako unachunguzwa, na kwa mtu mwenye mzazi wa upande wa pili uchunguzi unakuwa mrefu. Januari ikapita. Laini ya Bibi ingezimwa, na laini hiyo ndiyo ilikuwa mkono wa baba mdogo, aliyeko Dar es Salaam, anayetuma hela ya dawa ya presha na ya palizi ya kahawa. Mimi namba yangu nilikuwa nimeshaipata. Tukafanya kama familia nyingi zilivyofanya mwezi ule: laini ya Bibi ikasajiliwa kwa jina langu. Baba mdogo alipotuma hela, ujumbe wake ulimwambia amenitumia mimi. Bibi aliposikia akasema, "Nimekufa tayari, mnarithi."

Aliitwa kwenye mahojiano Februari. Nilimsindikiza. Alivaa khanga mpya, doti nzima, na viatu vya kanisani. Afisa alikuwa kijana mpole, si mtu wa kwetu kwa lafudhi yake, akamwamkia vizuri na kumpa kiti.

"Bibi, wazazi wako wamezikwa wapi?"

"Baba kazikwa kwao. Mama kazikwa kwao."

"Kwao wapi?"

"Kwao kwa kila mmoja, mwanangu. Ungewazika wapi?"

Afisa akatabasamu, akaandika kitu. Akauliza tena polepole, wilaya, kijiji. Bibi akataja. Kijiji cha mama yake kilikuwa Nakonde.

"Kwa hiyo mama yako alikuwa Mzambia."

"Mama alipozaliwa hakukuwa na Zambia. Nilipozaliwa mimi pia hakukuwa na Zambia."

Alikuwa sahihi kabisa. Zambia ilipata uhuru tarehe 24 Oktoba 1964. Wala hakukuwa na Tanzania. Kulikuwa na Tanganyika chini ya Waingereza na Rhodesia ya Kaskazini chini ya Waingereza haohao, na katikati yao mstari. Kisheria swali la afisa lilikuwa na maana: aliyezaliwa Tanganyika kabla ya tarehe 9 Desemba 1961, na mzazi wake mmoja akawa amezaliwa Tanganyika, siku hiyo ya uhuru aliamka raia. Baba yake Bibi alizaliwa huku. Kwa hiyo kilichobaki kilikuwa swali moja tu: Bibi mwenyewe alizaliwa upande gani? Na mila inasema nini? Mimba ya kwanza, binti anarudi kwao kujifungua. Bibi ni mtoto wa kwanza.

Nilikuwa nimekaa pembeni yake na nililiona swali likija kabla halijafika. Sijui kama naye aliliona.

"Bibi, mama yako alikuzalia wapi?"

Alinyamaza kidogo. Kisha akasema, "Mwanangu, nilikuwepo, lakini nilikuwa mdogo. Sikuuliza."

Hakuna aliyecheka, hata yeye. Tukaambiwa turudi na mashahidi wawili, wazee wanaomfahamu tangu utotoni, na barua ya mtendaji.

Njiani kurudi Bibi hakuongea. Kosta ilikuwa imejaa, mtu amempisha kiti, naye amekumbatia mkoba wake. Alipoongea ilikuwa tumekaribia stendi ya Mlowo. "Nimelima hapa miaka hamsini na mbili," akasema. "Nimezika mume hapa. Wangeniuliza hilo ningejibu."

Wazee wa kumfahamu tangu utotoni. Jaribu wewe kumtafutia mtu wa miaka 71 mtu aliyemwona akizaliwa. Tulihesabu wiki mbili. Wengi walikuwa makaburini, wengine wamebaki lakini hawasikii. Alipatikana mmoja Tunduma, mama mzee kuliko Bibi, wa ukoo uleule, anayetembea kwa fimbo na kusema Kiswahili kwa shida. Huyu alisema jambo ambalo hakuna mtu katika familia yetu aliyekuwa akilijua: kwamba mwaka ule mvua ilikuwa kubwa, njia ya kwenda ng'ambo ilikuwa matope, na mama yake Bibi aliona uchungu kabla ya siku zake, akajifungulia nyumbani kwa mumewe, upande huu. Mama mkwe ndiye aliyepokea mtoto. Kwao walikasirika, mtoto wa kwanza kuzaliwa ugenini.

Baba yangu alimwuliza mara mbili kama ana hakika. Yule mama akasema alitumwa kuchota maji ya kumwosha mtoto, na akaanguka na ndoo.

Sasa, mimi sina njia ya kujua kama maji yale yalimwagika kweli, au kama bibi kizee mwenye akili alitambua tunachohitaji akatupa. Nimewahi kuwaza yote mawili. Ila Bibi aliposikia habari ya ndoo alianza kulia, na halikuwa jambo la uraia. Alikuwa hajawahi kusimuliwa siku aliyozaliwa.

Mashahidi wakaenda, wakasema, wakatia dole gumba. Kisha ikaja korona, ukimya, masomo yangu ya kidato cha tano mbali na nyumbani. Namba ilitoka 2021. Bibi alikataa kuitumia. Alisema hawezi kwenda dukani kujitaja kwa tarakimu 20 asizozikumbuka, anasubiri kadi. Watu wengi walikuwa wakitembea na namba iliyochapwa kwenye karatasi na kupigwa lamineti, nami nilimtengenezea ya kwake. Aliiweka ndani ya Biblia na hakuigusa.

Katika kusubiri huko nikaingia chuo, Mbeya, na siku moja nikiwa nasoma habari za mipaka ya Afrika nikakutana na tarehe ninayoijua. Mkataba kati ya Uingereza na Ujerumani, ule uliowapa Wajerumani kisiwa cha Heligoland na kuiweka Zanzibar chini ya ulinzi wa Waingereza, ndio uliochora pia mpaka kutoka Ziwa Nyasa hadi Ziwa Tanganyika. Mto Songwe umetajwa ndani yake. Ulitiwa saini Berlin, tarehe 1 Julai 1890. Nilimpigia Mwalimu simu kumweleza. Akacheka sana, kisha akasema, "Nao pengine walikuwa hawajui tarehe yao, mtu akawaandikia katikati ya mwaka."

Kadi ilifika 2023, wakati vitambulisho vilipoanza kuletwa kwa wingi hadi kwenye kata. Nilikuwa likizo. Bibi alikishika mbali na macho, kama wanavyofanya wasio na miwani, akakaa nacho muda mrefu. Alisema picha imemzeesha. Kisha akaniomba nimsomee kila kitu, mbele na nyuma, nami nikasoma mpaka nikafika kwenye tarehe ya mwisho wa kutumika.

"Mwisho wangu au wake?"

"Wake, Bibi. Na serikali imeshasema mwaka huu kwamba ukomo umeondolewa. Unaendelea kukitumia."

"Haya. Basi na mimi naendelea."

Kesho yake tukaenda kwa wakala wa simu kuhamisha laini kutoka jina langu kwenda lake. Kile kimashine cha vidole kilimkataa. Dole gumba la kulia, hapana. La kushoto, hapana. Kahawa na jembe kwa miaka hamsini hula alama za vidole. Yule binti wa wakala alikuwa mzoefu. Alitoa mafuta ya mgando chini ya meza, akampaka Bibi kidole kimoja kimoja, akafuta, akajaribu tena, akiongea naye taratibu kama anayemkata mtoto kucha. Kidole cha pete cha mkono wa kushoto kikakubali. Labda kwa sababu ndicho kidole ambacho jembe halikigusi sana. Bibi alisema ni kwa sababu ya marehemu babu.

Jioni baba mdogo akapiga simu. Alikuwa amejaribu kutuma hela ya palizi, na kabla hajabonyeza namba ya siri limetokea jina ambalo halijui, akaacha, akidhani amekosea namba au laini imeibiwa. Miaka yote amemwita mama yake Mama. Watu wa Mlowo humwita kwa jina la mtoto wake wa kwanza, baba yangu. Jina la ubatizo hutumiwa na mchungaji tu.

"Huyu Namwinga ni nani?" baba mdogo akaniuliza.

Nikampa Bibi simu.